Kicheko cha Mama Mkwe

Ujumbe wa Kate uliingia Jumatatu asubuhi, Vincent Maloba akiwa katikati ya kurekodi tangazo la rangi za nyumba. Alikuwa analirudia mara ya nne. Mara tatu za kwanza lori lililokuwa kwenye foleni ya forodha lilipiga honi pale pale kwenye maneno "inang'aa miaka kumi," na mwenye duka la rangi, aliyesimama nyuma yake akitafuna karanga, alikuwa amekwisha kumuuliza kama hapa ni studio au ni maegesho. Vincent alicheka, kwa sababu mteja huchekewa. Trei za mayai alizobandika ukutani zilizuia mwangwi wa chumba, lakini hakuna trei ya mayai iliyowahi kumnyamazisha dereva wa lori wa Busia.

Mteja alipoondoka, Vincent alikaa akasikiliza. Kate hakuwa mtu wa kuandika. Alikuwa mtoto wa Busia ya upande wa Kenya, akaenda Nairobi kusomea filamu na akabaki huko, na ujumbe wake wote ulikuwa wa sauti, mrefu, na magari nyuma yake.

"Vinny, niaje. Nimeskia ile ngoma ulituma. Venye nitasema usikasirike, sawa? Ni safi. Ni safi sana, na hiyo ndiyo shida. Hiyo ni muziki ya hoteli, mtu anakula chipsi akingoja bili. Mimi nimepiga picha ya kisiwa. Kuna mawe, kuna maji, kuna wamama wanaanika omena. Nikiweka hiyo ngoma hapo juu, inakaa tangazo ya benki. Kisiwa iko wapi ndani ya hii kitu? Editor wangu ako na muziki ya mtandao tayari, ni mimi namkataza. Nakupea hadi Alhamisi ya wiki ijayo."

Alisikiliza mara mbili. Kilichomuuma ni kwamba Kate hakukosea. Kwa miaka miwili Vincent alipiga kinanda katika hoteli moja ya Tororo, Ijumaa hadi Jumapili, na watu walikuwa kweli wanakula chipsi. Mikono ikizoea jambo haiachi kirahisi.

Filamu ya Kate ilihusu kisiwa cha Sigulu, kule ziwani: watu wake, mawe yake, mitumbwi yake na mambo ya wazee. Ilikuwa kazi ya kwanza ambayo jina la Vincent lingeandikwa kwenye kioo, "Mtunzi wa muziki: Vincent Maloba," na watu wasiomjua wangelisoma. Kabla ya hapo alikuwa ametunga mapambio ya kwaya, matangazo ya matairi na muziki wa kusindikiza taarifa za misiba redioni. Alikuwa amefika umri wa miaka arobaini na mbili, na alilitaka jambo hili kuliko alivyomwambia mtu yeyote, hata mkewe.

Sigulu alikuwa amekwenda. Alipanda boti Majanji akakaa kisiwani siku tatu na rekoda yake ndogo. Alirudi na maji yanayopiga mawe, ndege, na mtu anayegonga msumari kwenye mtumbwi. Nyimbo hakupata. Wavuvi wa sasa wametoka kila mahali, na kila banda lilikuwa na spika inayopiga nyimbo zile zile zinazopigwa Busia. Mzee mmoja tu alimsikitikia. "Nyimbo unazotafuta zilikuwa za wanawake," alimwambia, "na wanawake wetu waliolewa bara. Wameondoka nazo."

*

"Mama alizaliwa Sigulu," Norah alisema.

Norah, mke wa Vincent, alikuwa anauza vitenge soko la mpakani, na jioni hiyo alikuwa anapasi sare ya shule ya binti yao Barbara. Alilisema neno hilo bila kuinua macho kutoka kwenye pasi.  Wote wawili walijua kwamba mama yake Norah alizaliwa Sigulu, kwamba alivushwa kwa mtumbwi kuja kuolewa Lunyo, kijiji cha bara, na kwamba kama kuna mtu wilaya nzima mwenye nyimbo hizo basi ni yeye. Walijua pia kwamba angeweza kuwa nazo mia na zisimfae Vincent kitu, kwa sababu Leonida alikuwa mama mkwe wake.

Msomaji wa mjini atasema, basi si ampigie simu tu? Hapana. Kwao mkwe wa kiume na mama mkwe hawaketi chumba kimoja, hawali pamoja, hawashikani mikono, hawatazamani usoni. Vincent alikuwa amemuoa Norah miaka kumi na mmoja, ng'ombe wote alitoa, harusi ya kanisani ilifungwa, na kwa miaka hiyo yote alichokijua kwa Leonida ni pindo la gauni lake la gomesi, visigino, na kikohozi cha upande wa pili wa ua. Leonida akija Busia hulala kwa Ojiambo, kaka yake Norah, na Vincent hupigiwa simu mapema ili awe ametoka. Siku moja walikutana ana kwa ana kwenye kona ya kituo cha boda boda. Leonida aligeuka akatazama ukuta wa duka la simu, Vincent akaingia kwa kinyozi, akanyolewa nywele alizokuwa amenyoa juzi yake. Watu hawakucheka, kwa kuwa ilikuwa heshima, na heshima ile aliipenda.

"Mimi nakwenda," Norah alisema. "Hiyo mashine nifundishe tu."

"Na mama utamwambia nini?"

"Nitamwambia kuna watu ya filamu wanataka nyimbo ya kisiwa."

"Watu ya filamu ni mimi, Mama Barbara."

"Wewe ni mmoja. Kwani huyo Kate si mtu? Wazungu wenye pesa yao si watu?" Alikunja sare, akaiweka juu ya nyingine. "Nionyeshe pa kubonya."

Akamwonyesha. Kitufe chekundu ni kurekodi, na ukimaliza bonya tena chekundu hicho hicho. Norah alibonya mara tatu kujaribu, akasema ni kitu rahisi, simu yake ina vitufe vigumu kuliko hivyo.

*

Norah alirudi Jumatano jioni na mkungu wa ndizi, kuku mmoja aliyefungwa miguu, na rekoda ikiwa imefungwa kwenye kitambaa cha kichwa. Vincent hakungoja chakula. Alirudi studio, akafunga mlango uliowambwa godoro la kuzuia sauti, akavaa hedifoni.

Kwanza kulikuwa na jogoo. Halafu kiti kikasogezwa, na sauti ya Norah ikasema kwa Kisamia, "Naanza sasa, mama."

"Atakayesikiliza ni nani?" sauti nyingine iliuliza.

"Ni watu wa filamu, mama. Wazungu."

Vincent aliusikia uongo huo vizuri kabisa, kwa masikio yote mawili. Pale ndipo alipopaswa kuvua hedifoni, na alijua hivyo. Mkono wake ulifika hata kwenye sikio. Lakini Leonida akaanza kuimba, na mkono ukabaki pale pale.

Haikuwa sauti ya kwaya. Ilikuwa nene, imechakaa pembeni, na haikuwa na haraka. Alieleza kwanza: wimbo huu ni wa kumvusha bi harusi. Wanawake wa kwao bi harusi ndio hupiga makasia, wanaume huja na mtumbwi wao nyuma. Aliyekaa mbele huimba, walio nyuma hujibu, na kila anayejibu anavuta kasia. Usitazame nyuma, binti, kisiwa hakikimbii. Na wa nyuma: kipo, kipo pale pale. Jibu hilo aliliimba mara moja tu ili Norah aelewe, halafu akaendelea na sehemu ya mbele peke yake, akiacha nafasi kila mahali pa kujibiwa. Beti zilikuwa nyingi. Moja ilimtania bwana harusi: ng'ombe wake wana pembe ndefu, mwenyewe ni mfupi, binti, utamtafuta nyasini.

"Baba alikuwa mfupi," Norah alisema ndani ya rekoda.

Leonida akacheka. Kilikuwa kicheko cha msichana. Kilianza puani, kikakatika, kikarudi kikubwa zaidi, na mwisho kikaishia kwenye pumzi ndefu. Baadaye jogoo aliwika tena, vikombe vikagongana, na zikafuata dakika ishirini za maongezi ya kuku na mihogo, kwa sababu Norah alikuwa amesahau kubonya chekundu.

Vincent alikirudisha kicheko, akakisikiliza tena. Miaka kumi na mmoja hakuwahi kujua kwamba mama mkwe wake anacheka. Alifurahi kupita kiasi na aliona aibu kupita kiasi, vyote pamoja, na baada ya muda alianza kujitetea mwenyewe ndani ya chumba kisicho na mtu. Mila inasema nisimwone. Haisemi nisimsikie. Wazee walioweka mambo haya hawakujua hedifoni.

Kwa siku tano alifanya kazi kama mtu mwenye homa. Matangazo aliyaahirisha. Sauti ya Leonida aliisafisha kwa uangalifu, akaondoa jogoo, akaondoa kiti, akakata kila pumzi iliyosikika kati ya mistari, mpaka ikabaki sauti tupu. Chini yake akaweka maji ya Sigulu. Kwenye nafasi za kujibiwa akaweka fidla za kompyuta, taratibu, zikilia kwa mbali. Mwishoni akaacha kicheko, na baada ya kicheko, maji peke yake. Jumanne asubuhi akaituma Nairobi.

Kate alipiga simu kabla ya saa sita, mara hii hakutuma ujumbe.

"Vinny. Vinny! Umenitoa machozi mbele ya editor. Huyo mama umemtoa wapi? Na kile kicheko! Hicho usikiguse, filamu inaisha na hicho. Sasa skiza. Wafadhili wanataka wenye urithi waone kwanza. Tunaonyesha Lunyo, Jumamosi, kwa kanisa, tutafunika madirisha. Huyo mama nataka akae kiti cha mbele. Na wewe kando yake, mtunzi na mwimbaji, tuwapige picha mkishikana mikono. Imeenda hiyo?"

Vincent alitazama trei za mayai. "Kate," alisema, "huyo mama ni mama mkwe wangu."

"Wee! Basi ni tamu hata zaidi."

Alikuwa mtoto wa Busia, lakini alikuwa amekulia mjini, kwa wazazi walimu, na mambo haya hayakumfikia. Vincent alimweleza. 

"Sawa, picha tuache," Kate alisema mwishowe, kwa sauti ya chini. "Lakini sauti siachi, Vinny. Ukitoa hiyo sauti, hakuna muziki. Nitachukua ya mtandao na sitakuwa na la kufanya. Na yeye mwenyewe lazima akubali, siwezi kuweka sauti ya mtu bila yeye kujua. Alhamisi jioni."

*

"Nilimwambia ni wazungu," Norah alisema.

"Nilisikia."

"Ulisikia na ukanyamaza."

"Na wewe ulinyamaza."

Walikuwa wamesimama jikoni, sufuria ikichemka, na hakuna aliyepandisha sauti. Norah alikaa juu ya kigoda, akafunika uso kwa kanga. Akilini alikuwa anamwona mama yake katika kanisa la Lunyo, katikati ya wanawake wenzake wa umoja wa akina mama, kicheko chake kikitoka kwenye spika na jina la mkwe wake likipita kwenye kioo. Angeinuka na kutoka nje. Hangegombana na mtu, Leonida si wa kugombana. Angeacha tu kuja Busia, na mjukuu wake angemwona Krismasi kwa Krismasi.

Ojiambo alikuja jioni hiyo. Alikuwa wakala wa forodha, mtu wa mafaili na mihuri, na alizoea kuuliza maswali kwa mpangilio.

"Shemeji. Wewe umesikiliza mama yangu akiimba."

"Ndiyo."

"Akicheka."

"Ndiyo."

"Mara ngapi?"

Vincent alifikiri. Hakuwa na sababu ya kudanganya tena. "Kama mara mia mbili."

Ojiambo aliweka glasi ya maji chini.  "Mia mbili! Mimi mtoto wake wa tumbo sijasikia mara mia mbili. Na ulikuwa unaweka hiyo kitu ndani ya masikio, hivi, ndani kabisa?"

"Hedifoni ziko hivyo."

"Hiyo ni kama amekaa kwa bega yako, bwana!"

Hakuna aliyecheka, ingawa Norah alikaribia. Vincent alitazama vidole vyake. Alikuwa mtu mzima anayeulizwa na mdogo wake kwa umri, ndani ya nyumba yake mwenyewe, na kila swali lilikuwa la haki.

"Mimi natoa sauti yake," alisema. "Naambia Kate achukue muziki ya mtandao. Yaishe."

Ilimtoka taratibu, kwa sauti ya kawaida, lakini Norah alimfahamu mumewe.  Alikumbuka siku tano za godoro mlangoni, na jinsi alivyokuwa akirudi nyumbani akinong'ona kitu njiani kama kijana aliyeandikiwa barua ya mapenzi.

"Hapana," Norah alisema. "Mama ndiye aseme. Sauti ni yake. Kesho tunakwenda Lunyo, wote watatu, na mbuzi."

"Mbuzi ya nini?" Ojiambo aliuliza.

"Ya faini ya masikio," Norah akajibu.

*

Nyumba ya Leonida iko kwenye mteremko, ya udongo, imepakwa vizuri, paa la mabati, na nyuma yake shamba la mihogo. Walifika saa nane mchana. Ojiambo alimfunga mbuzi kwenye mpera, akaingia ndani pamoja na dada yake. Vincent alizunguka nyumba. Alipewa kigoda, akaketi nyuma, mgongo kwenye ukuta, uso shambani. Juu kidogo ya kichwa chake kulikuwa na dirisha la mbao, na dirisha lilikuwa wazi.

Alisikia kila kitu. Alimsikia Norah akisema kwa sauti ya mtoto kwamba wale wazungu walikuwa Baba Barbara. Alimsikia Ojiambo akiongeza kwamba ni mara mia mbili. Halafu akamsikia mbuzi tu.  Alitamani kumuomba radhi, na hakuwa na ruhusa hata ya kukohoa.

"Yuko wapi sasa?" Leonida aliuliza.

"Nje, nyuma. Mama, yuko pale dirishani."

"Mwambie nataka kusikia alichokifanya."

Norah alitoa kichwa dirishani. "Mama anasema anataka kusikia."

"Nimesikia," Vincent alisema.

"Mama, anasema amesikia."

"Mimi pia nimesikia," Leonida alisema. "Leta."

Vincent alipitisha hedifoni na simu dirishani bila kugeuka. Norah alizivika juu ya kilemba cha mama yake, zikateleza, akazishikilia kwa mikono miwili. Wimbo ulikuwa wa dakika nne. Kwa Vincent zilikuwa ndefu kuliko misa. Alijaribu kuhesabu mistari ya mihogo, akafika saba, akapoteza hesabu.

Leonida alipomaliza hakuvua hedifoni mara moja. Macho yake yalikuwa mekundu. Hakuwa amesikia wimbo huo nje ya kinywa chake tangu siku alipovushwa, na wanawake kumi na wawili waliomvusha walikuwa wamekufa wote, wa mwisho mwaka wa juzi. Lakini hilo hakulisema. Alisema jambo jingine.

"Mwambie amewaua wanawake."

Norah alitazama dirisha. "Mama anasema umewaua…"

"Wanapiga makasia kutoka asubuhi hadi mchana," Leonida aliendelea, sasa akiinua sauti kidogo ili mjumbe asichoke bure, "na hakuna hata mmoja anayepumua. Pumzi zangu amezipeleka wapi? Pale mtu anapopumua ndipo kasia linatoka majini. Bila hiyo mtumbwi hauendi. Watafika ng'ambo maiti."

Vincent alifumba macho. Alikuwa amezikata moja moja, kwa uvumilivu, siku nzima ya Jumamosi, akijisifu. "Mwambie mama ninazo," alisema. "Sikuzitupa. Zitarudi."

"Na kwenye kujibu, kitu gani kile kinalia kama paka?"

"Ni fidla, mama. Ya kompyuta," Norah alisema.

"Mwambie pale panajibiwa na watu."

Ojiambo alikohoa, akasema hilo ndilo neno, wimbo uachwe na mbuzi achinjwe. Mama yake alimnyamazisha kwa kiganja. Alikuwa amekwisha kukata shauri, na alilitoa polepole, kama anayepanga vyombo.

"Wimbo sikuutunga mimi. Niliukuta. Walionivusha hawakuuliza nani atasikia, waliimba ziwa zima likasikia. Wimbo aende nao, na jina langu aliandike lote, Leonida, na aandike nilitoka Sigulu. Asiandike mama mkwe wa mtu. Lakini kicheko akitoe. Kile nilikuwa namcheka mume wangu. Hakikuwa cha mkwe, wala cha wazungu, wala cha kanisa."

"Kinatoka," Vincent alisema, bila kumngoja Norah. Alimfikiria Kate na mwisho wa filamu yake, akaona kwamba hajali sana. "Kinatoka leo, na nitakifuta hata kwenye mashine."

Norah akarudia maneno hayo neno kwa neno, kwa sababu ndivyo inavyotakiwa.

"Basi aiwashe mashine yake," Leonida alisema. "Niimbe vizuri. Juzi nilikuwa nafundisha, sikuwa naimba. Wewe, Norah, utajibu."

Norah hakujua kujibu. Yeye na dada zake waliolewa kwa barabara, kwa gari la kukodi lenye maua, na hakuna aliyewafundisha wimbo wa maji. Alijaribu mara moja, akaingia mapema. Akajaribu tena, sauti ikapanda mno. Ojiambo alipoulizwa alisema yeye ni mtu wa forodha. Leonida aliimba mstari wa tatu, akafika kwenye nafasi, na nafasi ikabaki tupu. Akaacha.

"Basi," alisema, na mara ya kwanza sauti yake ilikuwa ya mwanamke mzee. "Haufiki ng'ambo na mtu mmoja."

Vincent alikuwa na jibu lile kwenye ulimi. Alilisikia mara moja tu kwa Leonida, lakini mara hiyo moja aliirudia mia mbili, na alijua panapoingia, panapoteremka, na pumzi inapokatika. Alijua pia kwamba hapakuwa na mila iliyowahi kusema mkwe afanye nini hapa.  Alitazama mihogo, akaweka mikono juu ya magoti, na kwa sauti ya chini kabisa, ya mtu anayeimba peke yake shambani, akasema: kipo, kipo pale pale.

 Norah alishika ukingo wa dirisha. 

Leonida aliinuka. Alichukua kiti chake, akakisogeza mpaka kwenye ukuta wa nyuma, akaketi, mgongo wake ukiegemea udongo ule ule ambao upande wa pili uliegemewa na mkwe wake. Alitazama mlango wa mbele. Norah alisimama dirishani, rekoda mkononi, nusu ya mkono ndani na nusu nje, na akabonya chekundu.

Akaanza. Usitazame nyuma, binti, kisiwa hakikimbii. Akapumua, kwa nguvu, kama mwenye kasia. Na nje, Vincent akajibu. Mstari kwa mstari walikwenda, mama mbele na mkwe nyuma, hakuna aliyemwona mwenzake. Ubeti wa bwana harusi mfupi aliuimba pia, bila kucheka, ingawa Norah aliona shavu lake likicheza. Pale katikati, kwenye ubeti ambapo mtumbwi uko mbali na pande zote mbili, Vincent aliyumba, akaingia baada ya kasia. Aliushika tena, wakafika mwisho, na pumzi ya Leonida ikasikika ikitua.

Norah alikuwa analia waziwazi. Vincent hakuthubutu kugeuza hata shingo. Alingoja hukumu.

"Mwambie," Leonida alisema, "amechelewa pale katikati. Turudie."